Siku ya Tatu Mpe Bastola

Nchi ya Mapatano ipo. Anayeitafuta kwenye ramani asichoke mapema, maana mchoraji aliikunja pembeni, na wenyewe ni waungwana, hawakumlalamikia. Ina majimbo kadhaa, na kila jimbo lina sheria zake, bendera yake na namna yake ya kupika wali. Katika yote hayo hakuna lililosifika kwa ukarimu kama Jimbo la Karibuni. Kwenye daraja la kuingilia kuna kibao kikubwa kimeandikwa KARIBUNI KARIBUNI, na chini yake, kwa herufi ndogo za heshima: Wageni wajitayarishe.

Watu wa Karibuni walikuwa wamechoka na sheria za kuazima. Siku moja Baraza la Jimbo likaamua kwamba sheria zote zitoke katika methali za wazee, kwa kuwa wazee hawakosei, na kwa kuwa methali ni fupi na wajumbe wangeweza kuzimaliza kabla ya chakula cha mchana. "Mgeni ni kuku mweupe" ikawa sheria: kila atokaye jimbo jingine avae nguo nyeupe tangu anapoingia mpaka anapotoka, ili wenyeji wamtambue wamsaidie mizigo. "Maji yakimwagika hayazoleki" ikawa sheria ya viongozi: neno la waziri likishatamkwa hadharani halirudishwi, hata kama limemponyoka. "Haraka haraka haina baraka" ikawa sheria ya ofisi zote za serikali, na hiyo ndiyo iliyotekelezwa kikamilifu kuliko zote.

Ilipofika "Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe," kikao kikakwama. Waziri wa Kilimo alisimama akasema kwa masikitiko kwamba majembe ya jimbo hayapo. Yalikuwepo, ila mengi yaligawiwa wakati wa uchaguzi kwa watu wasiolima, na yaliyobaki yamefungiwa ghalani kwa usalama wa wananchi. Jembe lina chuma, alieleza, lina makali, na mtu akikasirika anaweza kumuumiza mwenzake. Anayelitaka aombe kibali, na mtoa vibali yuko safarini.

Ndipo akasimama Waziri wa Ulinzi, Mheshimiwa Ngao Mtandika, mtu mnene, mpole, mwenye sauti ya kubembeleza mtoto. Alisema wizara yake ina bastola ghala zima. Ziliagizwa kwa ajili ya nini, hakuna aliyekumbuka, na zinakula kutu, na chuma kikila kutu ndani ya nyumba ni mkosi. Je, mgeni akipewa bastola badala ya jembe, ataona amedharauliwa? Wajumbe wakafikiri, wakaona la. Ikapita: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe bastola.

Mama mmoja mtu mzima, mjumbe wa viti vya nyuma, aliuliza kama wenyeji hawataogopa. Akajibiwa kwa upole kwamba hilo limeshafikiriwa. Bastola itafichwa. Mgeni ataivaa mwilini usiku na mchana, na haitaonekana na mtu yeyote. Atakayeionyesha atarudishwa alikotoka. Atakayekutwa hana atarudishwa alikotoka. Na kwa kuwa atakuwa amevaa nyeupe, kila mtu atajua kwamba anayo, hivyo hakuna atakayeshtuka.

Yule mama akakaa. Walimletea chai, tena yenye maziwa.

*

Bi Siwatu alikuwa mtu wa Vilimani, jimbo la ng'ambo ya daraja, na mambo ya Baraza la Karibuni hayakumfikia. Yeye alikuwa na jambo lake moja. Mjukuu wake Raya, aliyemlea tangu mama yake alipofariki, alikuwa ameolewa Karibuni na kijana fundi cherehani aitwaye Shaali. Zamani, Raya akiwa bado anacheza mdako, Bi Siwatu alimwahidi: siku utakayozaa, nitakukanda mimi kwa mikono hii, na mwanao nitamwosha mimi, mpaka arobaini yako itoke. Ahadi hiyo alikuwa ameitunza kama mtu anavyotunza dhahabu, na tangu mwaka uliopita alikuwa ameweka tayari mafuta ya nazi, pilipili manga na kanga mbili laini za kumfungia mzazi tumbo.

Raya alikuja kujifungulia Vilimani kwa sababu wodi ya wazazi ya Karibuni ilikuwa inatumika kuhifadhi bastola. Huko Vilimani nako walikuwa na sheria yao. Walikuwa wamesikia kwamba Karibuni kila mtu ana silaha, basi wakakataza mtu yeyote wa Karibuni, hata aliyeolewa huko tu, kulala kwao hata usiku mmoja. Raya alibahatika kuzaa adhuhuri. Alimshukuru Mungu, akanywa maji ya moto, akavaa viatu. Muuguzi mmoja aliona haya kumwona mzazi akiondoka namna ile. Akamsindikiza hadi nje, akamfunga tumbo kwa kanga yake mwenyewe, wala hakuiulizia tena.

Wakafika darajani, Raya akitembea taratibu, Bi Siwatu na kikapu kichwani na mtoto kifuani. Mtoto alikuwa wa kiume, mwenye paji la uso lililokunjamana kama mtu aliyeletewa habari asizoziamini.

Mlinzi wa daraja alikuwa Sajini Kirobo, mrefu, mwembamba, mguu wake wa kulia haukunjiki. Alikuja akichechemea, akaamkia, akampa Raya kiti. Kilikuwa kiti pekee pale darajani, na Bi Siwatu alilitia jambo hilo moyoni: mtu mwenye mguu mbovu amesimama juani ili mzazi akae.

Sajini aliuliza maswali yake kwa sauti ya kuomba radhi. Raya ni mwenyeji kwa ndoa, apite. Bi Siwatu ni mgeni, atavaa nyeupe, na siku ya tatu ataletewa haki yake nyumbani. Akaeleza hiyo haki ni nini, na Bi Siwatu akamwomba aeleze tena, akidhani uzee umemfikia masikioni. Kisha Sajini akamtazama mtoto.

"Huyu amezaliwa wapi, bibi?"

"Hospitali ya kwetu Vilimani. Leo adhuhuri."

Sajini akatazama maji yanayopita chini ya daraja. "Basi na yeye ni mgeni."

"Sajini," Raya akasema, "huyu mwanangu. Baba yake Shaali, fundi, anayekushonea suruali."

"Shaali namjua. Ni mtu mwema, ananipa nafasi mguuni." Akakohoa. "Lakini mtoto sijawahi kumwona huku."

Bi Siwatu akauliza kama mtoto naye ataletewa. Sajini akasema sheria haikutaja umri. Bi Siwatu akauliza, na akikutwa hana? Atarudishwa alikotoka.

"Alikotoka ni tumboni mwangu," Raya akasema.

Sajini alilifikiria hilo kwa dhati, maana alikuwa mtu mwenye dhamiri. Akasema hapo sheria haikufika, itabidi iwe Vilimani. Jambo lilikuwa wazi kama shilingi juu ya meza. Mtoto akipatikana bila bastola hatalala Karibuni. Mama yake haruhusiwi kulala Vilimani. Kila jua likizama, mtoto wa kunyonya atakuwa upande huu wa mto na ziwa la mama yake upande ule.

Mtoto alikuwa amefungwa shali ya manjano. Sajini akatoa mfukoni kitambaa chake cha jasho, kipya, cheupe, akamtandikia juu ili asihesabiwe ametenda kosa kabla hajafika nyumbani. Bi Siwatu akamshukuru, akamwambia kwamba jioni apite, atamkanda ule mguu kwa mafuta ya nazi yenye karafuu, utalainika. Sajini akakataa haraka sana, akarudi nyuma hatua mbili, na mguu wake ukagonga ukingo wa daraja kwa mlio wa mti.

Maskini, Bi Siwatu akawaza, umeshakauka kabisa.

*

Siku mbili za kwanza ziliwafanya watu wasahau kwamba iko ya tatu. Majirani walileta supu ya kuku, walileta kuni, walileta watoto wao wamtazame mtoto. Shaali alimshonea Bi Siwatu gauni jeupe, akalitia lasi shingoni, asijione amevaa sanda. Njiani walimpisha na kumbebea ndoo. Wageni wengine wa mtaani, nao weupe kama kunguru waliopakwa chokaa, walimwinamia kichwa, kila mmoja ameshika kiuno chake asikose adabu kikadondoka kitu.

Bi Siwatu alikuwa anamkanda Raya asubuhi, kisha anamwosha mtoto katika beseni, amemlaza juu ya miguu yake aliyoinyoosha. Alikuwa anamwita mchumba. Alimwambia kwamba wachumba wengine huja na vitenge, yeye amekuja na mikunjo ya uso. Na kila alipomkausha, alikitazama kitovu.

"Kikianguka tukakizika hapo uani," alimwambia Raya, "nani tena atamwita mgeni?"

Hilo halikuhitaji kuandikwa na Baraza. Katika Mapatano yote, kuanzia kwa wachungaji mpaka Ikulu, kwao mtu ni pale kilipozikwa kitovu chake. Hata Gavana akiulizwa anatoka wapi hataji hospitali aliyozaliwa.

"Basi kivute, bibi. Si kimekauka?"

"Kitovu hakivutwi, mwanangu. Kitaanguka kikitaka chenyewe."

"Na kisipotaka?"

"Tutakisubiri."

Raya akageukia ukutani akalia kidogo. Bi Siwatu akampa uji, akamwacha alie, kwa sababu mzazi akizuiliwa machozi maziwa hukasirika.

*

Siku ya tatu Mkuu wa Wilaya, Bwana Ulimbo, alikuja na watu wake, wakaleta bastola mbili juu ya sinia, zimefunikwa kawa, kama pilau. Bwana Ulimbo alikuwa na suti ya vipande vitatu na hotuba ya vipande zaidi. Alisema kwamba bastola hii si bastola. Bastola hii ni mkono wa Jimbo la Karibuni kwenye kiuno cha mgeni. Kuna majimbo, alisema, hakutaka kuyataja lakini yako ng'ambo ya daraja, ambako mgeni hupewa maji tu. Maji hata mtoni yapo.

Shaali akauliza habari za risasi. Bwana Ulimbo akasema ziko njiani. Zilikuwa njiani tangu sheria ilipopita.

Ukaja mtihani, maana jimbo halimpi silaha kila mtu hivihivi. Bi Siwatu alionyeshwa herufi kwenye ubao, akazisoma zote, na moja iliyokuwa imeandikwa vibaya akawaambia waitengeneze. Mtoto naye akaonyeshwa herufi. Alikuwa amelala. Karani akashauriana na Mkuu, wakakubaliana kwamba anaona ila hapendi kujisifu. Kisha kulenga shabaha. Kwa kuwa risasi hazijafika, mgeni hunyoosha bastola akasema "pu" kwa mdomo. Bi Siwatu alisema "pu" kwa sauti ya chini asimwamshe mtoto. Mtoto akapiga chafya, na chafya ikapokelewa.

Mwisho, kiapo. Bi Siwatu aliapa kwa niaba yake na ya mtoto kwamba hawataonyesha, hawataacha, hawatasahau. Sajini Kirobo akaitwa amvishe mtoto haki yake. Akainua bastola juu ya sinia, akaipima kwa macho. Ilikuwa inatoka kwapani kwa mtoto mpaka kwenye goti. Sajini akaigeuza huku na huku, asijue pa kuianzia.

"Nipe mimi, baba," Bi Siwatu akamwambia. "Nitamvisha ndani."

Akaingia chumbani na bastola. Akailaza ubavuni mwa mtoto, juu ya winda, polepole, kama mtu anayejaribu maji ya kuoga. Chuma kilikuwa cha baridi. Mtoto alifumbua macho, akamtazama, akakunja uso, na kilio chake hakikuwa cha njaa. Bi Siwatu akaiondoa. Akamwomba radhi, akampangusa pale ilipogusa, kisha akajifunga zote mbili kiunoni mwake, chini ya gauni jeupe, akatoka nje na mtoto, akitembea kama mwanamke mwenye mimba ya mapacha wasioelewana.

Bwana Ulimbo alimtazama mtoto, hakuona bastola. Akasema haijapata kufichwa namna hiyo.

Ikawa kila siku baada ya alasiri Sajini anakuja kukagua. Chumba cha mzazi hakiingiwi na mwanamume wa kando, kwa hiyo anasimama kizingitini, Bi Siwatu anainua pazia, yeye anatazama, haoni kitu, anasema, "Imefichika." Kisha Bi Siwatu anampa kikombe cha uji wa pilipili manga, ule wa mzazi, na Sajini anaunywa kasimama, mguu kaunyoosha, kwa kuwa kukaa hawezi. Pilipili yenyewe ilipondwa kwa kitako cha bastola, mlango umefungwa. Sheria ilikataza isionekane; kupondea haikukataza, na mpini wake ulikuwa mzuri.

Laiti mambo yangebaki hapo, kitovu kingepata nafasi. Lakini siku moja Sajini alikuja akaumaliza uji, akabaki ameshika kikombe.

"Bibi, anakuja Waziri mwenyewe. Mheshimiwa Mtandika. Amesikia kwamba mgeni mdogo kuliko wote anayebeba silaha ya kufichwa yuko kwetu. Anamletea nishani."

"Mungu amjalie safari njema."

"Atapapasa, bibi."

Bi Siwatu akamtazama.

"Mbele ya watu. Ili nishani isiende kwa asiyestahili, atampapasa mtoto ahakikishe iko. Mimi sijui iko wapi, na naomba usiniambie. Lakini kesho kutwa asubuhi iwe mahali pake. Isipokuwepo, Mkuu ameniagiza mimi ndiye nimpeleke darajani." Akaweka kikombe chini kwa uangalifu, kana kwamba kimelala. "Na mimi nina mama, bibi."

Alipoondoka, Bi Siwatu alimtazama akichechemea hadi kona, akasema moyoni kwamba yule kijana angekuwa mzima wa mguu angeoa zamani.

*

Asubuhi ya Waziri, tarumbeta zilianza kulia mtaani mapema. Watoto wa shule walipangwa barabarani na vibendera. Nyumbani kwa Shaali, kitovu kilikuwa kimeshikilia kwa uzi mmoja, mwembamba kama wa buibui, na hakikuonyesha dalili ya kujali.

Raya alikuwa amekaa kitandani na bastola mapajani. Alisema kwa sauti iliyokauka kwamba bora wamfunge tu, dakika chache, alie, kuliko apelekwe darajani. Bi Siwatu hakumgombeza. Alimwambia, ngoja nimwoshe kwanza. Mtu hapokei waziri hajaoga.

Akanyoosha miguu, akamlaza, akamwagia maji kwa kiganja. Kifuani, shingoni, mgongoni. Nje Sajini akapiga hodi, akasema kwa huzuni kwamba magari yameshavuka soko. Bi Siwatu akamjibu kwamba wanaoga. Akamgeuza mtoto, akamwagia tena, na alipomgeuza mara ya pili, kitu kidogo cheusi kilikuwa kinaelea ndani ya beseni.

Hakupiga kigelegele. Alikiokota, akakitia katika kipande cha kitambaa cha Sajini kile cha darajani, akamkabidhi Raya mwanawe, akatoka uani.

Uani ardhi ilikuwa ngumu kama kigae. Shaali alitafuta kisu, kikapinda. Majirani walijaa wakatafuta kila nyumba. Walileta miiko, walileta kijiko cha upawa, mmoja alileta ufunguo. Jembe halikuwepo mtaa mzima. Bi Siwatu akapiga magoti, akatoa bastola kiunoni mbele ya kila mtu, akaanza kuchimba kwa mdomo wa chuma hicho. Udongo uliingia kwenye tundu ukajaa, mdomo ukateleza. Shaali akamletea ya pili iliyokuwa kwa Raya, nayo vilevile. Bastola, pamoja na sifa zake zote, haichimbi.

Tarumbeta zilikuwa zimefika pembe ya nyumba.

Sajini Kirobo alikuwa amesimama mlangoni mwa ua. Aliziona bastola zote mbili chini, na kazi yake ilikuwa kupuliza filimbi. Aliishika filimbi. Kisha akaiachia, akawaomba kina mama wageuke kidogo.

Waligeuka. Wakasikia mkanda ukilegea, wakasikia kitambaa kikisuguana na mti, na mtu akipumua kama aliyetua mzigo. Walipogeuka tena, Sajini alikuwa amesimama kwa miguu miwili iliyonyooka, na mkononi ana jembe. Lilikuwa jembe la zamani, chuma chake kimeliwa mpaka kimekuwa kidogo kama kiganja, mpini umelainika kwa mikono.

"La mama yangu," alimwambia Bi Siwatu. "Anashindwa kulima sasa. Nikitoka kazini nampitia shamba. Shika, bibi."

Bi Siwatu akalitazama jembe, akautazama mguu. Akamwambia tu, "Ahsante, baba. Kumbe u mzima."

Akachimba. Mapigo machache yalitosha. Akakilaza kitovu, jirani mmoja akaleta nazi iliyochipua, wakaisimika juu yake, wakafukia. Ndipo Bwana Ulimbo akapiga hodi na wakati huohuo akaingia, na nyuma yake Mheshimiwa Mtandika, na nyuma yake karani aliyebeba nishani juu ya mto mdogo.

Waliona bastola mbili zimejaa udongo, hadharani. Waliona kikongwe amevaa nyeupe, ameshika jembe lisilo na kibali. Bwana Ulimbo alipata shida ya kuchagua aanze na kosa lipi.

"Nani kakupa jembe wewe, bibi?"

Shaali akafungua mdomo aseme ni yeye. Bi Siwatu akawa anasema ameliokota. Sajini akapita katikati yao, na watu wakashangaa jinsi anavyotembea.

"Mimi, Mkuu."

"Kwa sheria ipi?"

Sajini akapiga saluti. Hakuwa amejiandaa kwa swali hilo. Alitafuta kichwani sheria zote alizofundishwa, hakuiona hata moja, na kilichomjia ni sauti ya mama yake.

"Mgeni siku mbili," akasema, akaishia hapo.

Sasa, mtu wa Mapatano ukimwachia methali nusu, ni kama umemwachia chafya nusu. Kina mama wakaitikia, watoto wenye vibendera juu ya ukuta wakaitikia, Bwana Ulimbo mwenyewe akaitikia, na juu ya sauti zote ikasikika ile sauti ya kubembeleza ya Mheshimiwa Ngao Mtandika, ambaye naye alilelewa na bibi:

"Siku ya tatu mpe jembe."

Waziri aliweka mkono mdomoni, lakini neno lilikuwa limeshatoka. Karani, aliyefundishwa kuandika kila neno la Waziri, alikuwa ameshaliandika, na wino ulikuwa unakauka. Maji yakimwagika hayazoleki. Methali ilikuwa imebadilishwa Barazani, ila hakuna aliyekumbuka kuubadilisha ulimi.

Mheshimiwa Mtandika akasafisha koo. Akauliza, kwa sauti ya chini, mgeni mdogo yuko wapi.

"Hapa hayupo, Mheshimiwa," Bi Siwatu akasema. "Kitovu chake hicho, chini ya mnazi."

Waziri akautazama ule mnazi wenye jani moja. Akatazama kwa muda, mpaka Bwana Ulimbo akaanza kuhangaika na vifungo vya kizibao. "Changu kiko Mkungumani," Waziri akasema, ingawa hakuna aliyemuuliza. Kisha akakumbuka yeye ni nani, akasema kwamba basi, kwa mujibu wa ukaguzi alioufanya mwenyewe, nyumba hii haina mgeni, na bastola zirudishwe ghalani zisafishwe.

Ikabaki nishani. Ilikuwa imeshachongwa, Kwa Mfichaji Bora wa Mwaka, na tarumbeta zilikuwa zinasubiri nje zimelipwa. Waziri akamgeukia Sajini Kirobo. Akauliza amelibeba jembe lile kwa muda gani. Sajini akasema misimu minne ya mvua. Ndani ya sare? Ndani ya sare. Mbele ya Mkuu wa Wilaya? Kila siku, Mheshimiwa, kwenye gwaride.

Akavishwa nishani palepale. Alasiri yake akatozwa faini kwa kumiliki jembe bila kibali, na akashushwa cheo kwa kudanganya mguu. Majirani walichangia faini, na Raya, ambaye hakuwa na kitu, alimpelekea mama yake Sajini supu.

*

Bi Siwatu alilitundika lile gauni jeupe msumarini, akavaa kanga zake. Aliendelea kukanda na kuosha mpaka arobaini ikatoka. Kirobo aliendelea kupita baada ya alasiri, ingawa hakuna cha kukagua. Siku ya kwanza alipoletewa kiti alikitazama kwanza kama mtu aliyesahau kinavyotumika. Kisha akakaa, akakunja magoti yote mawili, akapewa mtoto ampakate, na uji wake ukapoa.

Sheria ya bastola haijafutwa. Haraka haraka haina baraka. Neno la Waziri nalo halijarudishwa, na mtoa vibali vya majembe bado yuko safarini. Kwa hiyo katika Jimbo la Karibuni mgeni akifika siku ya tatu hupewa bastola na serikali, hadharani, juu ya sinia. Halafu wenyeji humwita pembeni wakampa jembe, na hilo ndilo analolificha.

Ukipita huko majira ya mvua utaona watu wengi wanachechemea. Usiwape pole. Waulize mahindi yamefika wapi.